Balakov: kiungo aliyeiona pasi, na benchi lililomkataa

Walimu wenzangu wa mpira, shikamooni wakubwa, hamjambo wadogo. Asanteni kwa kunialika.

Mliponiomba nizungumzie mchezaji aliyegeuka kocha, nadhani wengi mlitegemea Guardiola au Zidane. Nimemchagua Krassimir Balakov wa Bulgaria. Huyu aliujua mpira kiasi cha kuingia kwenye kikosi bora cha Kombe la Dunia, lakini benchi la ufundi likamkataa karibu kila alipokaa. Humu ukumbini wengi wetu tulianza kufundisha mara tu baada ya kutundika daluga, tukiamini kwamba aliyecheza anajua kufundisha. Kwa hiyo habari ya Balakov inatuhusu kuliko ya hao waliobeba makombe.

Alizaliwa Machi 29, 1966, Veliko Tarnovo, mji mkongwe wa vilima uliowahi kuwa makao makuu ya wafalme wa Bulgaria, mto Yantra ukiuzunguka. Klabu ya pale inaitwa Etar na jezi zake ni za zambarau. Enzi hizo makombe ya Bulgaria yalizoea kwenda Sofia, kwa CSKA na Levski, lakini Etar ilikuwa inatengeneza wachezaji. Chukueni kikosi cha Bulgaria cha 1994 mhesabu: Balakov, beki Trifon Ivanov, Tsanko Tsvetanov, Ilian Kiriakov, Boncho Genchev. Wote walipitia klabu hiyo moja ya mkoani. Mwaka 1991 Etar ikachukua ubingwa wa nchi kwa mara ya kwanza, ila msimu ulipofika mwisho Balakov alikuwa ameshaondoka tangu Januari.

Kuondoka kwake kuna sababu yake. Chini ya utawala wa kikomunisti mchezaji wa Bulgaria hakuruhusiwa kwenda kucheza nje mpaka atimize miaka 28. Novemba 1989 Todor Zhivkov, kiongozi wa nchi hiyo, akaondolewa madarakani, na mlango ukafunguka. Mshambuliaji Hristo Stoichkov akaenda Barcelona, Kostadinov Porto, Letchkov Hamburg, na Balakov, akiwa na miaka 24, akatua Sporting ya Lisbon. Nashangaa watu wanapouita muujiza ule mwaka 1994, Bulgaria ilipofika nusu fainali ya Kombe la Dunia. Wale vijana walikuwa wameshakaa miaka mitatu minne kwenye ligi ngumu za Ulaya, kila wiki wanakabwa na mabeki bora, jambo ambalo kaka zao walinyimwa.

Pale Sporting nataka mumtazame mtu mmoja zaidi. Mwaka 1992 klabu ilimleta Mwingereza Bobby Robson, asiyejua Kireno, na pembeni yake akawekwa kijana wa kumtafsiria. Kijana huyo ni José Mourinho. Kila siku Balakov anapiga pasi uwanjani, na Mourinho amesimama kwenye mstari akigeuza mawazo ya mwalimu yawe maneno ambayo mchezaji anaelewa. Mshikeni huyo, tutarudi kwake.

Sasa Marekani, 1994. Bulgaria ilikuwa imeshashiriki Kombe la Dunia mara tano na kucheza mechi 16 bila kushinda hata moja. Mechi ya kwanza mjini Dallas wakakutana na Nigeria, wakachapwa 3-0. Mnaikumbuka picha ya Rashidi Yekini ameshika wavu kwa mikono miwili, analia. Wavu ule ulikuwa wa Bulgaria. Bao la pili alifunga Daniel Amokachi, la tatu Emmanuel Amunike.

Amunike huyo ni yule yule mnayemjua. Baada ya mashindano alijiunga na Sporting, wakawa timu moja na Balakov msimu ambao klabu ilichukua Kombe la Ureno, mwaka 1995. Na ni yeye aliyeifundisha Taifa Stars ilipoifunga Uganda 3-0 Machi 2019 na kurudi AFCON baada ya miaka 39. Miezi miwili tu baadaye, Balakov naye akapewa timu ya taifa ya Bulgaria. Wawili waliovaa jezi moja Lisbon wakawa makocha wa timu za taifa mwaka mmoja, na mwaka huo haukwisha wakiwa kazini, yeyote kati yao.

Turudi 1994. Baada ya kipigo cha Nigeria, Bulgaria ikaifunga Ugiriki 4-0, kisha Argentina 2-0. Hatua ya 16 bora ikawa Mexico, uwanja wa Giants, New Jersey, katika jua kali la Julai. Mechi iliwahi kusimama kwa sababu Marcelino Bernal wa Mexico aliangukia wavuni na goli likavunjika, ikabidi lingine zima libebwe na kusimamishwa. Dakika 120 zikaisha 1-1, wakaenda kwenye matuta.

Mexico wakaanza, García Aspe akapaisha. Akafuata Balakov, wa kwanza kwa Bulgaria. Mwalimu Dimitar Penev alimpa tuta hilo mchezaji mwenye mguu wa kushoto mtulivu kuliko wote kikosini, na kipa wa Mexico, Jorge Campos, akaudaka mkwaju. Fikirieni mwendo wa kutoka kwenye nukta kurudi katikati ya uwanja, nchi yako ina nafasi ambayo haijawahi kuipata na wewe ndiye umekosa. Aliyemwokoa ni kipa na nahodha wake, Borislav Mihaylov, aliyezuia mawili yaliyofuata. Genchev, Borimirov na Letchkov wakafunga, 3-1. Naomba mlishike jina la Mihaylov pia.

Siku tano baadaye, uwanja ule ule, Ujerumani, mabingwa watetezi. Matthäus wa Ujerumani akafunga kwa penalti mapema kipindi cha pili. Dakika ya 75 Stoichkov akasawazisha kwa mpira wa adhabu uliopita juu ya ukuta. Dakika tatu baadaye Yankov akamimina krosi, Letchkov akajirusha mbele ya Mjerumani Häßler na kupiga kichwa. Bulgaria ikawa nusu fainali. Ikafungwa na Italia 2-1, halafu Sweden 4-0 kwenye mechi ya mshindi wa tatu, miguu ikiwa imekwisha kabisa.

Katika mechi zote saba Balakov hakufunga bao hata moja. Stoichkov alifunga sita. Hata hivyo kikosi bora cha mashindano kilipotangazwa, Balakov alikuwemo katikati, pamoja na Dunga, Hagi na Brolin. Waliochagua waliona kitu ambacho karatasi ya mabao haionyeshi. Alikuwa anapokea mpira akiwa ameshageuza mwili, tayari anajua Stoichkov ataanza kukimbia wapi. Mguso mmoja, wa pili ni pasi. Beki anapogeuka kumtafuta mtu, mpira umeshampita.

Mwaka 1995 akaenda VfB Stuttgart, akakaa miaka minane mpaka 2003. Kule Wajerumani walimweka pamoja na Mbrazili Giovane Élber na Fredi Bobic, wakawaita pembetatu ya ajabu. Msimu wa 1996/97 timu ilimaliza ya nne Bundesliga, ligi kuu ya Ujerumani, ikiwa na mabao 78, ikachukua Kombe la Ujerumani kwa kuifunga Energie Cottbus 2-0, yote mawili ya Élber. Mwaka uliofuata wakafika fainali ya Kombe la Washindi la Ulaya kule Stockholm, wakafungwa na Chelsea 1-0. Gianfranco Zola alitoka benchi na kufunga kabla hata hajalowa jasho.

Kocha wao wakati huo alikuwa Joachim Löw. Msaidizi aliyepewa timu ghafla kocha mkuu alipoondoka, na ambaye katika uchezaji wake hakuwahi kuwa jina kubwa.

Kuna bao moja la Balakov ambalo Wajerumani hawalisahau. Mei 12, 2001, mechi ya 33 kati ya 34. Stuttgart wako hatarini kushuka daraja, Schalke wanalingana pointi na Bayern kileleni. Mpaka dakika ya 90 ni 0-0 pale Stuttgart, na Bayern wako 1-1 na Kaiserslautern kule Munich. Ndani ya muda mfupi mno mambo mawili yakatokea: Zickler akaifungia Bayern, na Balakov, mwenye miaka 35, akaifunga Schalke. Stuttgart wakabaki ligi kuu. Wiki iliyofuata Schalke waliamini kwa dakika nne kwamba wao ni mabingwa, mpaka Patrik Andersson aliposawazisha kwa Bayern mjini Hamburg na kuwanyang'anya kombe. Watu huongea sana juu ya Andersson. Mimi nasema kombe lile lilianza kuponyoka pale Stuttgart, kwenye mguu wa mzee wa Veliko Tarnovo.

Akamaliza akiwa na miaka 37, Stuttgart ikiwa ya pili katika ligi, amezungukwa na vijana wa kocha Felix Magath: Hleb, Kuranyi, Hinkel, Hildebrand. Timu ya taifa aliichezea mechi 92 na kufunga mabao 16.

Ukocha nitaupitia haraka. Alianza kama msaidizi pale pale Stuttgart. Akaenda Uswisi, Grasshopper, kisha St. Gallen, ambayo ilishuka daraja 2008. Akarudi nyumbani kufundisha Chernomorets Burgas, akaenda Hajduk Split ya Croatia. Machi 2012 akaitwa na Kaiserslautern waliokuwa wa mwisho kwenye msimamo. Wakamaliza wa mwisho, wakashuka, akaondoka. Akafundisha Litex Lovech, kisha Etar, klabu iliyoanzishwa upya kwa jina lile la zamani. Mei 2019 akapewa timu ya taifa. Mechi sita, hakuna ushindi.

Kwa nini? Kuna jibu rahisi, na lina ukweli: aliitwa kwenye timu zilizokuwa zimeshazama, akapewa wiki badala ya miaka. Kaiserslautern ilikuwa hivyo. Lakini jibu hilo halinitoshi, kwa sababu makocha wote huanza kwa kupewa timu mbovu.

Mrudisheni sasa Mourinho pale mstarini Lisbon, na Löw pale benchi la Stuttgart. Wote wawili walimtazama Balakov kila siku. Mmoja akaja kuchukua Ligi ya Mabingwa mara mbili, mwingine Kombe la Dunia la 2014. Hawa walilazimika kulipata kwa kulitazama na kulieleza jambo ambalo Balakov alikuwa nalo mwilini. Mtu anayeiona pasi yenyewe hana haja ya kuigawanya vipande: angalia bega la beki, hesabu hatua za mshambuliaji, fungua mwili kabla mpira haujafika. Kijana wa Burgas akimuuliza, "Mwalimu, umejuaje?", jibu la kweli la Balakov ni kwamba aliona tu. Huo ndio msimamo wangu, na najua wapo humu watakaonibishia kwa jina la Cruyff, aliyecheza kama gwiji na kufundisha kama gwiji. Nitawasikiliza.

Kuna jambo la pili, na hili nalisema kwa uzito wote nilio nao. Oktoba 14, 2019, uwanja wa taifa wa Vasil Levski, Sofia, Bulgaria na England. Sehemu ya uwanja ilikuwa imefungwa tayari kwa sababu ya ubaguzi wa mashabiki katika mechi za nyuma. Kipindi cha kwanza wachezaji weusi wa England walipigiwa milio ya nyani, na jukwaani watu wakanyoosha mikono kwa saluti ya Wanazi. Kijana Tyrone Mings alikuwa anaichezea England kwa mara ya kwanza siku hiyo. Mwamuzi alisimamisha mechi mara mbili, tangazo likasomwa uwanjani. England wakashinda 6-0.

Kabla ya mechi Balakov alikuwa amesema England ndio wenye tatizo kubwa la ubaguzi kuliko Bulgaria. Baada ya mechi akasema yeye binafsi hakusikia kitu. Walimu, mechi imesimama mara mbili, na wewe ndiye uliyesimama mita chache na mwamuzi. Nahodha wake, Ivelin Popov, alikwenda wakati wa mapumziko kuzungumza na mashabiki uso kwa uso. Mchezaji alilibeba jambo ambalo kocha alilikana. Siku chache baadaye Balakov aliwaomba radhi wachezaji wa England hadharani, na Oktoba 18 akajiuzulu. Siku tatu kabla yake alijiuzulu rais wa shirikisho la mpira la Bulgaria, ambaye ni Borislav Mihaylov, kipa aliyemwokoa dhidi ya Mexico. Safari hii hakuna aliyeweza kumwokoa mwenzake.

Namwonea huruma Balakov kwa Kaiserslautern na St. Gallen. Kwa Sofia siwezi. Kocha akitoka kwenye korido kwenda kwa waandishi, anazungumza kwa niaba ya kila mtoto aliyevaa jezi ile, na wako watoto weusi wanaochipukia kwenye akademi za Ulaya nzima waliomsikia.

Kabla ya maswali tutazame kipindi cha pili cha mechi na Ujerumani, kimewekwa hapa kwenye skrini. Balakov amevaa namba 20. Naomba kila mmoja achukue karatasi, asiufuate mpira kabisa, amtazame huyo 20 tu, na kila anapopokea pasi aandike alikuwa ametazama wapi kabla haijamfikia. Tutalinganisha tulichoandika, halafu mtaniambia mngemweleza vipi mtoto wa miaka 14. Anayekaa karibu na swichi, tuzimie taa za mbele.