Kijiji Kilichomchagua Luthuli

Habari za jioni, mabibi na mabwana, wazee wangu mlioketi mbele, na ninyi vijana mliosimama kule mlangoni. Sogeeni ndani, nafasi ipo.

Nianze na swali ambalo walionisikia zamani wanalijua. Nani hapa Nairobi hajawahi kununua kitu mtaa wa Luthuli? Redio, spika, chaja ya simu, waya wa televisheni. Hakuna mkono hata mmoja. Haya, nani ataniambia huyo Luthuli mwenyewe alikuwa mtu wa kijiji gani? Mikono miwili. Nashukuru kwa hiyo miwili, lakini haitoshi. Tunaitaja mitaa yetu kila siku kama tunavyotaja namba za matatu, na watu waliotuachia majina hayo tumewasahau.

Kijiji chenyewe kinaitwa Groutville. Kipo Afrika Kusini, KwaZulu-Natal, kiasi cha kilomita 70 kaskazini ya Durban, kando ya mto Mvoti. Bahari ya Hindi, hii hii yetu, iko kilomita chache tu mashariki. Jirani yake ni mji wa KwaDukuza, mahali alipokuwa na makao Shaka, mfalme wa Wazulu, na ndipo alipouawa mwaka 1828. Jina la Groutville limetokana na mmisionari Mmarekani, Aldin Grout, aliyefungua misheni hapo katika miaka ya 1840. Habari za tuzo yake ya Nobeli ya amani, na za ANC, chama alichokiongoza kupinga ubaguzi wa rangi Afrika Kusini, sitawasomea, mlizisoma shuleni. Mimi nimekuja na jambo moja: kijiji ndicho kilichomtengeneza yule mzee, na tukimtaja yeye bila kijiji tunataja nusu ya mtu.

Sasa sikilizeni ilivyokuwa.

Mwanzoni mwa miaka ya 1930 Albert Luthuli alikuwa mwalimu katika Chuo cha Adams, kusini ya Durban. Mwalimu hasa, mwenye mshahara, mwenye kwaya, mwenye timu ya mpira aliyoipenda. Amefundisha pale karibu miaka kumi na mitano. Mkewe Nokukhanya, ambaye naye alikuwa mwalimu, alikuwa amehamia Groutville kuangalia nyumba, shamba na mama mkwe. Basi mwaka 1933 wazee wa kijiji wakamfuata. Wakamwambia: rudi nyumbani, tunataka ugombee uchifu.

Ugombee! Hapo ndipo ninapotaka mnisikilize vizuri, maana kila nikifika hapa kuna mtu anayetikisa kichwa. Chifu wa Kizulu anagombea? Ndiyo. Groutville ilikuwa kijiji cha wale wanaoitwa amakholwa, maana yake walioamini. Watu walikuja misheni kutoka koo mbalimbali, wengine wamekimbia vita, wengine wamefukuzwa kwao. Hapakuwa na ukoo mmoja wa kifalme wa kuwatawala wote. Kwa hiyo walikaa kikao, wakachagua. Babu yake Luthuli, mzee Ntaba, aliwahi kuwa chifu wao. Ami yake Martin vilevile. Lakini hakuna aliyekalia kiti kwa sababu ya baba yake. Kila mmoja alisimama mbele ya watu akapimwa.

Luthuli hakukubali mara moja. Alikaa na ombi lile miaka miwili mizima. Mshahara wa chifu ulikuwa mdogo sana ukilinganisha na ule wa ualimu, na watoto walikuwa wanazaliwa. Wazee wakarudi. Wakarudi tena. Mwishoni mwa 1935 akakubali, akachaguliwa, na Januari 1936 akaanza kazi akiwa na watu kama 5,000 chini yake. Akawa anaamua kesi za ng'ombe walioingia shamba la jirani, kesi za mahari, kesi za mipaka. Wenyewe hukumbuka kwamba aliruhusu wanawake wakae kwenye baraza, jambo ambalo machifu wengine hawakuwa wakilifanya.

Najua kuna atakayeniambia, na ameshaniambia mtu mara nyingi: huo uchaguzi si ulikuwa jambo la Wazungu tu, la wamisionari? Hapana, bwana. Misheni ilileta kengele, shule, na nyumba za pembe nne. Lakini baraza la watu kukaa chini na kusemezana mpaka waelewane, hilo waliingia nalo mlangoni. Na aliyehesabu kura na aliyeishi na matokeo yake alikuwa mtu wa pale pale. Serikali ilibakiwa na kazi ya kuthibitisha, na ilijipa pia uwezo wa kumwondoa. Kumbukeni hilo la kuondoa, tutalirudia.

Sasa niwaambie nilichokiona kwa macho yangu. Nilifika Groutville mwezi wa Julai, msimu wa kuvuna miwa. Miwa imezunguka kila kitu: barabara, kanisa, makaburi, uwanja wa mpira. Kabla ya kukata, hulichoma shamba ili majani makavu yateketee. Basi jioni moja moto uliwashwa upande wa pili wa bonde, na baada ya muda majivu yakaanza kushuka. Si vumbi. Ni vipande vyeusi, vyembamba, virefu kama kidole, vinaelea angani polepole, ukikishika kinapotea mkononi. Mama mmoja alitoka mbio kuanua shuka zilizokuwa kwenye kamba. Akaniona nimesimama nashangaa. Akasema, "Sawubona, baba." Nikajibu, "Yebo, mama." Akanipa pembe mbili za shuka, tukaikunja pamoja, hatujajuana hata jina.

Hiyo sawubona, ndugu zangu, ndani yake mna kuona. Anayekusalimu anakuambia: tumekuona. Wao husema ukubona, sisi kuona. Wakisema "abantu badla inyama", nani hapa anahitaji mkalimani? Watu wanakula nyama. Abantwana abathathu, wana watatu. Ukufa ni kufa. Kwa hiyo yule anayeniuliza kwa nini nahangaika na habari za Wazulu wakati kwetu kuna mambo tele, jibu langu ni hilo: hao ni ndugu wa lugha, na hatumjui hata mwenzao tuliyeuita mtaa wetu kwa jina lake.

Nirudi kwenye miwa, maana kijiji hiki hukielewi bila miwa. Muwa ukishachomwa na kukatwa, sukari yake inaanza kuharibika. Una siku moja, mbili, tatu, iwe imefika kiwandani. Mkulima mwenye eka chache hana lori lake, hana reli yake, anangoja. Na kiwanda kina mgao: kila mtu na kiasi chake anachoruhusiwa kuleta. Mwaka ule ule wa 1936 Luthuli alipoanza uchifu ndipo sheria ya sukari ya Afrika Kusini ilipoweka mgao huo, na aliyebanwa kwanza ni mkulima mdogo mweusi. Ana ardhi ndogo, amelima kwa jasho, halafu anaambiwa muwa wako umezidi.

Luthuli alifanya nini? Hakuanza na hotuba. Alifufua chama cha wakulima wa miwa wa Groutville, kisha akakipanua kikawa chama cha wakulima weusi wa miwa wa Natal na Zululand, wakawa wanakwenda kuzungumza na wenye viwanda kwa sauti moja. Siasa yake ilianzia hapo, kwenye mizani ya kiwanda. Watu wa Muhoroni, wa miwa yetu ya Kenya, mlioko hapa mnanielewa kuliko mtu yeyote, mnajua kungoja lori maana yake nini. Na ndugu zetu wa Kilombero, kule Tanzania, wana sababu zaidi ya kusikiliza: Illovo, kampuni iliyoanzia huko huko Natal, ndiyo iliyochukua sehemu kubwa ya kiwanda chao mwaka 1998. Hii historia si ya mbali.

Na nani alikuwa anashika jembe wakati mzee yuko kwenye mikutano? Mama Nokukhanya. Jina lenyewe lina mwanga ndani yake. Aliamka alfajiri akalima miwa, mboga, na amadumbe, yale magimbi yanayopendwa sana pwani ile, na mazao hayo ndiyo yaliyosomesha watoto saba. Ukweli ni kwamba mama huyu anastahili mhadhara wake peke yake, na nimewaahidi waandaaji kwamba nitautoa. Leo itoshe kusema hivi: serikali ilipomnyima mume mshahara, nyumba haikuanguka, kwa sababu nyumba ilikuwa imesimama juu ya jembe la mke.

Maana walimnyima. Mwaka 1952, kampeni ya kukaidi sheria za ubaguzi ikiwa imepamba moto, Luthuli akiwa kiongozi wa ANC Natal, serikali ilimwita Pretoria ikamwambia achague: ANC au uchifu. Hakukubali kuacha chochote. Novemba wakamvua uchifu. Desemba ANC ikamchagua rais wake. Lakini mimi kinachonigusa ni upande wa kijiji. Watu wa Groutville hawakuacha kumwita chifu. Waliompa jina hilo ni wao, na karatasi ya Pretoria haikuweza kulichukua. Mpaka leo vitabuni ni Chifu Luthuli, na hiyo ni kura ya watu wale wale wa mwaka 1935 inayoendelea kuhesabiwa.

Kisha zikaja amri za kumfungia eneo lile. Miaka na miaka hakuruhusiwa kutoka wilaya yake. Serikali ilidhani kijiji ni gereza zuri. Ilikosea kufikiri hivyo, maana ulimwengu ulimfuata pale pale. Habari za Nobeli zilimkuta akiwa chini ya amri hizo. Walimpa ruhusa ya siku chache tu kwenda Oslo. Alipokea tuzo tarehe 10 Desemba 1961, siku moja baada ya Tanganyika kupata uhuru, na alipomaliza mhadhara wake kesho yake aliimba Nkosi Sikelel' iAfrika. Watanzania mlioko hapa mnaujua wimbo huo tangu darasa la kwanza, kwa maneno yenu, kwa sauti ile ile. Kisha akarudi kwenye miwa.

Naona mwenyekiti ananionyesha saa. Nilikusudia kueleza habari za Wahindi wa eneo lile, ambao wazee wao waliletwa kuanzia 1860 kufanya kazi katika mashamba ya miwa, na jinsi maduka yao na mashamba ya amakholwa yalivyoishi bega kwa bega. Na nyumba yake, ambayo sasa ni makumbusho tangu 2004. Hayo nayaruka.

Lakini hili siliruki. Tarehe 21 Julai 1967 mzee alikutwa kwenye daraja la reli juu ya mto Mvoti, ameumia vibaya, akafa siku hiyo hiyo. Uchunguzi wa wakati ule ukasema aligongwa na treni kwa bahati mbaya. Familia haikukubali. Kijiji hakikukubali. Watu waliolipita daraja lile kila siku, wanaoijua treni ile kwa mlio wake, walisema hapana, na walisema hivyo kwa miaka 58. Oktoba 2025 Mahakama Kuu ya Pietermaritzburg ikaufuta uamuzi ule wa 1967 na kusema mzee alikufa kwa kupigwa, na kwamba askari wa usalama wa serikali ya ubaguzi walihusika.

Nokukhanya hakuisikia hukumu hiyo. Alifariki mwaka 1996. Kaburi la mzee liko kwenye uwanja wa kanisa, na msimu wa kuvuna majivu ya miwa huangukia pale kama yanavyoangukia kila kitu kingine.

Mama wa pale nyuma, umeinua mkono tangu nilipotaja Muhoroni. Mpeni kipaza sauti. Karibu, mama, uliza.