Miaka 64 Bungeni: Fred Risser wa Wisconsin

Ndugu wasikilizaji,

Kwetu tukisema mbunge wa jimbo, tunamaanisha mtu aliyetumwa na sehemu moja ya nchi kuingia Bunge la Taifa. Leo naomba neno hilo libebe maana nyingine, kwa kuwa nchini Marekani kila jimbo lina katiba yake, gavana wake na bunge lake, na humo ndimo zinamotungwa sheria nyingi zinazomgusa mwananchi shuleni, barabarani na kazini. Ninayetaka tumtazame ni Fred Risser wa Madison, makao makuu ya jimbo la Wisconsin, aliyezaliwa mwaka 1927, akachaguliwa kuingia bungeni mwaka 1956 na kustaafu Januari 2021 akiwa na umri wa miaka 93. Katika historia ya Marekani hakuna mbunge wa jimbo aliyetumikia muda mrefu kuliko yeye.

Baba yake, babu yake na baba wa babu yake walikuwa wabunge wa Wisconsin kabla yake. Jina la ukoo lilimfungulia mlango, sikatai. Lakini kiti cha baraza la chini la bunge hilo hugombewa kila baada ya miaka 2 na cha Seneti, yaani baraza la juu, alikohamia mwaka 1962, kila baada ya miaka 4, na hakuna jina linalomaliza chaguzi zote hizo peke yake.

Kwa jumla aliiongoza Seneti kama rais wake kwa zaidi ya miaka 20, naye alikuwa miongoni mwa waliobeba sheria ya mwaka 2009 iliyopiga marufuku uvutaji wa sigara kazini, mikahawani na katika baa. Kwangu mimi, hata hivyo, mtihani wake mkubwa ulikuja mwaka 2011.

Mwaka huo Gavana Scott Walker wa chama cha Republican alileta muswada wa kuwanyang'anya watumishi wengi wa umma sehemu kubwa ya haki ya kujadiliana na mwajiri kupitia vyama vyao. Seneti ina viti 33. Republican walikuwa na 19, ilhali muswada wa fedha ulihitaji akidi, yaani idadi ya chini ya wanaopaswa kuwapo ili kura ipigwe, ya maseneta 20. Tarehe 17 Februari maseneta wote 14 wa Democratic, Risser akiwemo, akiwa na miaka 83, walivuka mpaka wakaingia jimbo jirani la Illinois, ambako polisi wa Wisconsin hawakuwa na mamlaka ya kuwarudisha.

Walikuwapo waliowalaumu wakisema mbunge huchaguliwa akae kikaoni, na hoja hiyo ina uzito. Hata hivyo naamini kwamba mtu aliyezisimamia kanuni za ukumbi ule kwa miaka mingi alijua kuwa akidi nayo ni kanuni, iliyowekwa ili walio wengi wasipitishe mambo mazito bila kumsikiliza mtu.

Tarehe 9 Machi Republican waliobaki waliondoa vipengele vya fedha, wakapitisha vilivyosalia, ambavyo havikuhitaji akidi ile ya 20. Siku tatu baadaye wale 14 walipokewa Madison na umati mkubwa. Risser alirudi kwenye kiti chake akahudumu karibu miaka 10 zaidi, mingi yake akiwa upande wa wachache, na siku alipoondoka sheria ile ilikuwa ingali inatumika.