Karatasi kwenye nguzo: kaunsili inapoichukua barabara ya mtaa

Ndugu zangu, asanteni kwa kuja na mvua hii. Wengi wenu mnaishi kwenye mitaa mipya hapa Uingereza, na swali lenu ni lilelile: barabara iliyo mbele ya mlango wangu ni ya nani?

Haki ya kupita ni kitu kimoja, wajibu wa kukarabati ni kingine. Naomba hili lishikwe, maana hata waliosoma linawachanganya. Sheria ya Barabara ya mwaka 1980, kifungu cha 31, inasema watu wakipita kwenye ardhi yako miaka 20 mfululizo, bila nguvu, bila kificho, bila kuomba ruhusa, utahesabika umeitoa njia kwa umma, isipokuwa uthibitishe hukukusudia. Mwaka 2007, katika shauri la Godmanchester, majaji wa mahakama ya juu kabisa walisema nia iliyofichwa haihesabiki. Sharti lililoandikwa kwenye mkataba wa mwenye ardhi na mpangaji wake halikutosha, kwani mpita njia hakuwahi kuliona. Weka bango mahali linaposomeka.

Njia ikiwa ya umma kwa namna hiyo, kaunsili, yaani serikali ya mtaa, haibanwi kuziba hata shimo moja. Umepoteza geti, na lami bado unainunua wewe.

Kaunsili kuichukua barabara rasmi ili iihudumie ni kifungu cha 228 cha sheria hiyohiyo. Kazi za kuitengeneza barabara zikishafanywa, kaunsili hutundika tangazo mtaani. Mtaani nilikokuwa nikiishi niliona moja: karatasi ndani ya nailoni, imefungwa kwenye nguzo ya taa, wino umeanza kuchuruzika. Majirani walipita na mifuko yao ya sokoni, hakuna aliyesimama. Mwezi mmoja ukiisha, barabara inahudumiwa kwa fedha za umma. Wenye barabara, wakiwa zaidi ya nusu yao kwa idadi, wanaweza kupinga kwa maandishi ndani ya mwezi huo. Kaunsili nayo ina miezi 2 ya kwenda kwa mahakimu kuomba pingamizi litupwe.

Mtu akatae lami? Wapo wanaoogopa mtaa kugeuka njia ya mkato ya magari, na hofu hiyo naiheshimu.

Ugomvi mkali zaidi ni wa bili. Kifungu cha 205 kinairuhusu kaunsili kuitengeneza barabara ya binafsi, yaani isiyohudumiwa kwa fedha za umma, na kuwagawia gharama wenye nyumba zinazopakana nayo, kwa kawaida kwa urefu wa upande unaogusa barabara. Hapo pia mna mwezi mmoja wa kupinga: makadirio yamezidi, mgao umekosewa, au hii si barabara ya binafsi kabisa. Hoja hiyo ya mwisho ndiyo nzito. Barabara iliyokuwa ya umma kabla ya 1836 ilikuwa mzigo wa parokia, yaani wakazi wa eneo hilo kwa pamoja, na mzigo huo umerithiwa na kaunsili. Ramani ya zamani inaweza kuwaokolea pesa nyingi.

Kaunsili inatakiwa kutunza orodha ya barabara inazozihudumia, na yeyote anaruhusiwa kuikagua bure. Nendeni Jumatatu, mkatazame kama jina la mtaa wenu limo.