Punda milia wa Jambiani: vipi tunazijua zama za barafu

Assalaamu alaykum jamaa zangu. Wale wa nyuma songeeni mbele, spika hii haifiki huko na mie sitopiga kelele.

Kila nnapokaa kuzungumza habari hizi, iwe skuli, iwe barazani, mtu ataniuliza tu: "Mwalimu, ulikuwepo?" Nikisema miaka elfu 20 ilopita, zama za barafu, hapa Unguja walikuwa wakila majani punda milia na nyati, na kwamba hapa hapakuwa kisiwa, suali la kwanza ni hilo hilo, ulikuwepo? Leo nataka nilijibu kwa urefu, na nikikawia hapo mnivumilie, maana yote mengine yanafata hapo.

Hakuna alokuwepo. Lakini kadhi naye hakuwepo siku mpaka wa shamba ulipohamishwa, na bado anahukumu. Anaita mashahidi, anatafuta wale ambao hawakukaa pamoja kupanga maneno, kila mmoja anamsikiliza peke yake, maneno yakikutana anakata hukumu. Sasa wanaotafuta hali ya hewa ya zamani ndio kazi yao hiyo, tofauti ni kwamba mashahidi wao ni mifupa, matumbawe, tope la chini ya ziwa, barafu, na hawa hawana jirani wa kumpendelea.

Haya twende Jambiani, huku Kusini Unguja. Pango la Kuumbi wengi mnalijua, vijana wa utalii mnapeleka wageni pale kila siku. Profesa Felix Chami wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam alichimba pale miaka ya 2000, halafu timu nyengine ikarudi kuchimba 2012 na matokeo yao yakachapishwa 2016. Wametoa nini? Zana za mawe, ncha za mshale zilochongwa kwa mfupa, makombe, magamba ya konokono wakubwa, mifupa ya panya buku, na katika tabaka za chini mifupa na meno ya nyati na punda milia. Punda milia, Jambiani! Leo ukisimama juu ya pango lile unaona mawe, vichaka, na bahari ukiteremka kidogo. Punda milia ataishi vipi pale? Yule mnyama wa majani, anataka uwanda mpana wa nyasi na anatembea masafa. Kwa hiyo mfupa mmoja tu umeshakwambia mambo mawili: palikuwa na nyasi, na palikuwa na nafasi.

Na meno yanasema zaidi. Nyasi za nchi za joto na majani ya miti hazichukui kaboni kutoka hewani kwa njia moja, zinatofautiana kiwango cha kaboni nzito na nyepesi, na tofauti hiyo inabaki kwenye jino la mnyama alokula. Ukisaga unga kidogo wa jino ukautia kwenye mashine unajua huyu alikuwa anakula nyasi za wazi au majani ya msituni. Hata kama aina ya mnyama haijulikani, chakula chake kinajulikana.

Umri wake tunaujuaje? Kaboni 14, aina ya kaboni inayooza yenyewe kidogo kidogo. Kila kiumbe hai anaichukua, akifa haingii tena, ilobaki inapungua nusu kila miaka 5,730. Willard Libby ndie aloianzisha njia hii mwishoni mwa miaka ya 1940, na inafika kiasi miaka 50,000 nyuma, zaidi ya hapo ilobaki ni kidogo mno. Na wapimaji wanajua pa kujihadhari, mfano kombe la bahari linaonekana kongwe kuliko lilivyo kwa karne kadhaa kwa sababu maji ya bahari yenyewe yana kaboni ya zamani, basi wanalirekebisha. Nnalisema hili kwa sababu kuna mtu kila mara anakuja na "hizo mashine zinakosea". Ndio, na wao wanajua zinakosea wapi na kiasi gani, ndio maana wanapima na mkaa na mfupa wa tabaka hilo hilo.

Sasa jengine nnaloambiwa, na hili nalisikia sana kwa wazee wa bandarini: labda hao wanyama waliletwa na jahazi, au waliogelea. Sawa, tulichukue kama lilivyo tulipime. Jahazi gani miaka elfu 20 nyuma imebeba nyati mzima? Haya, tuseme waliogelea. Basi mbona Pemba hawakufika? Hapa ndipo nnapopapenda mie. Mkondo baina ya Unguja na Bara sehemu nyingi una kina cha mita 30 mpaka 50 hivi. Mkondo wa Pemba unafika karibu mita 800. Bahari ikishuka mita 120, kama ilivyoshuka zama za barafu, wa Unguja unakauka wote, unatoka hapa unakwenda Bagamoyo kwa miguu, lakini Pemba inabaki kisiwa vile vile. Sasa angalia wanyama. Unguja ilikuwa na chui, wazee wengine humu mnamkumbuka, ina kima punju, ina paa nunga. Pemba chui hakuna, na punju waliopo msitu wa Ngezi walipelekwa na watu miaka ya 1970. Pemba walichokuwa nacho wao peke yao duniani ni popo wao mkubwa, na ndege kama bundi wa Pemba na njiwa kijani wa Pemba. Viumbe wenye mbawa! Wanyama wangekuwa wanaogelea au wanapakiwa wangefika kote kuwili. Waliotembea wamefika panapotembeka, waloruka wamefika kote. Ramani ya kina cha bahari na orodha ya wanyama hazikuandikwa na mtu mmoja, na zinasema neno moja.

Watu wa Pemba msinune, popo wenu mnaye pekenu.

Tena tabaka za juu za pango zinaendelea na habari. Bahari ilivyorudi nyati na punda milia wanatoweka, kisha watu wenyewe wanalihama pango kwa maelfu ya miaka, mpaka wanarudi wengine zama za chuma, karne za katikati za milenia ya kwanza. Kisiwa kimekuwa kidogo, nyasi zimekwisha, wanyama wakubwa hawana pa kwenda. Mabadiliko ya tabianchi hayo, yalifanyika hapa hapa Kusini Unguja na mabaki yake unayashika kwa mkono, halafu mtoto wa Makunduchi anamaliza skuli anadhani zama za barafu ni habari ya Ulaya. Hili linaniuma, n'nawaambia kweli.

Mtu ataniuliza, mita 120 za maji zilikwenda wapi? Zilikuwa juu ya nchi kavu. Amerika ya Kaskazini ilifunikwa na barafu ya unene wa zaidi ya kilomita 3 kwenye kitovu chake, na kaskazini ya Ulaya nako hivyo hivyo. Maji yalipanda mvuke baharini, yakaanguka theluji, hayakurudi. Na hiyo mita 120 haikukisiwa. Kule Barbados, kisiwa cha bahari ya Karibi, Richard Fairbanks na wenzake walitoboa matumbawe yalozama, wakachapisha 1989. Kuna aina ya tumbawe kule lenye matawi mfano wa pembe ambalo haliishi ila karibu na uso wa maji, na nyie wavuvi mnalijua hili vizuri kuliko mie, kila tumbawe lina kina chake. Wakalikuta limekufa kina cha zaidi ya mita 100. Basi maji yalikuwa kule. Umri wakaupima kwa kaboni, kisha wengine wakaupima tena kwa urani inayogeuka thoriamu, saa mbili tofauti ambazo hazijuani. Na wakaona bahari haikupanda sawasawa, kiasi miaka 14,600 ilopita ilipanda mita kama 16 au zaidi kwa muda usiozidi miaka 500. Tofauti ya bamvua yetu na maji kupwa ni kama mita 4, na mnajua mita 4 hizo zinavofika.

Na mara nyengine bahari ilikuwa juu kuliko leo. Mawe ya matumbawe kule mwambao wa Kenya, ndugu ya haya yetu ya uwandani, yaani nchi yetu ya mawe ya matumbawe, yamepimwa yako ya kiasi miaka 125,000, wakati bahari ilikuwa juu kwa mita 6 mpaka 9. Yale yalikuwa matumbawe hai chini ya maji. Haya tupite.

Shahidi mwengine wa barafu ile: vidudu vya bahari, foraminifera, vidogo kama chembe ya mchanga, vina magamba ya chokaa. Maji yana oksijeni nyepesi na nzito. Nyepesi inapanda mvuke kwa wepesi zaidi, kwa hiyo ikiwa mvuke unakwenda kugandia kaskazini na haurudi, bahari inabaki na nzito nyingi, na kidudu kinajenga gamba lake kwa maji hayo hayo, basi gamba lenye nzito nyingi ni la wakati wa barafu nyingi. Harold Urey alilifikiria hili miaka ya 1940, Cesare Emiliani akapima magamba 1955, Nicholas Shackleton akaonesha kwamba sehemu kubwa ya mabadiliko yale ni kiasi cha barafu, sio joto peke yake. 1976 Hays, Imbrie na Shackleton wakayakutanisha na mahesabu ya Milankovitch, mwanahesabu wa Serbia, kwamba njia ya dunia kulizunguka jua na mlalo wake unabadilika kwa mizunguko ya miaka kama 23,000, 41,000 na 100,000, na tope la bahari likaonesha mizunguko hiyo hiyo. Hapa nlikuwa nimetayarisha picha lakini naona muda.

Maziwa. Ziwa Victoria lilikauka, ndio lilikauka, kiasi miaka 17,000 mpaka 15,000 nyuma, chini ya tope wamekuta udongo wa nchi kavu. Tope la Ziwa Tanganyika linaonesha zama za barafu joto lilikuwa chini kwa kiasi nyuzi 4. Chavua ya maua iloganda kwenye tope inakwambia miti gani iliota. Ziwa Chala chini ya Kilimanjaro lina tabaka nyembamba za kila mwaka, hilo pekee ni mhadhara mzima.

Barafu nayo, kwa haraka. Kilimanjaro Lonnie Thompson alitoboa mwaka 2000, chini kabisa walikadiria miaka 11,700, na barafu yenyewe imepungua kwa zaidi ya asilimia 80 tangu 1912, kwa hiyo kitabu hicho kinayayuka huku kinasomwa. Antaktika, pale Dome C, barafu inarudi miaka 800,000, na ndani yake mna mapovu ya hewa ya wakati ule, hewa yenyewe, sio alama yake. Kabonidayoksaidi, ile gesi inayobana joto la dunia, ilikuwa baina ya kiasi chembe 180 na 300 kwa kila chembe milioni za hewa muda wote huo. Leo imepita 420.

Na hapa nawajibu wale wanaosema "si unasema mwenyewe hali ya hewa ilikuwa ikibadilika tangu zamani, basi tuiache". Ilibadilika, na sababu zake tumezipima! Kutoka zama za barafu mpaka hali ya leo joto la dunia lilipanda nyuzi kama 5 au 6 kwa kiasi miaka 10,000. Kabonidayoksaidi kutoka 280 mpaka 420 tumeipandisha kwa karne mbili na ushei. Na tunajua ni sie, kwa ile ile kaboni 14: mafuta na makaa ya mawe ni makongwe mno, hayana hata chembe yake, na Hans Suess aliona katika miaka ya 1950 kwamba hewa inachujuka, kaboni 14 yake inapungua kwa kuchanganyika na moshi wa makaa. Mtu akikwambia ni mzunguko wa kawaida muulize mzunguko gani unaotoa kaboni isiyo na 14.

Naambiwa laasiri imekaribia. La mwisho. Mawe ya uwandani yanachimbwa kwa kujengea na kuchomwa chokaa, na mapango yanavunjwa pamoja nayo, yenye mifupa na yasokuwa nayo, hakuna anaeangalia. Sisemi watu wasijenge. Nnasema ukiwa machimboni ukakuta mfupa, jino, au gamba lililokaa ndani ya udongo mwekundu wa pango, usiling'oe na usilioshe, kwa sababu linalopotea ni tabaka lake na bila ya tabaka hatujui umri. Piga picha na simu, weka kitu cha kuonesha ukubwa, kumbuka kina, kisha nenda Idara ya Makumbusho na Mambo ya Kale. Walimu wa Jambiani na Makunduchi nyie nakutakeni baada ya swala, tupange siku ya kuwapeleka watoto Kuumbi.