Hiyo pikipiki ya DT ya uani msiipeleke skrepa

Asalaam aleikum watu wangu wa Malindi, na nyinyi wa Mambrui ng'ambo ya Sabaki. Leo niko Birmingham, mji uliokuwa ukiunda pikipiki za BSA, ila kwenye gereji hii mzee amejaza za Kijapani! Hebu oneni hii: Honda CL72, skrambla (pikipiki ya njia mbovu) ya cc 250, ilitoka 1962. Ekzosi zote mbili zimepandishwa juu ubavuni, zisikwaruze mawe. Mwaka huohuo Wamarekani Dave Ekins na Bill Robertson walizipitisha jangwa la Baja, Meksiko, kutoka Tijuana hadi La Paz. Ekins alifika kabla ya saa 40 kwisha, na njia yenyewe kwa sehemu kubwa haikuwa barabara.

Haya, tuje kwetu. Zile Yamaha DT na Honda XL walizopanda mabwana shamba kwenda Marafa na Garashi, mnajua zilipo? Zimeegemezwa ukutani chini ya makuti, kuku anatagia kwenye kiti. Kisha anakuja mtu na mizani, anawalipa kwa kilo. Jamani! Huku wanazisaka hadi sehemu za tangi tu.

Ukiamua kuifufua, usikimbilie kupiga kiki. Toa plagi, tia oili kidogo ndani ya silinda, iache ilale usiku mzima. Kesho zungusha injini polepole kwa mkono. Mulika tangi kwa tochi, maana chumvi ya bahari yetu haina huruma, na kutu ikishuka kwenye kabureta utahangaika na fundi bure.

DT hasa sikilizeni. Si kama Boxer ya bodaboda yenye oili yake chini. DT ni ya tu-stroku: pistoni yake inalainishwa na oili inayoungua pamoja na petroli, ndiyo sababu ya ule moshi wa buluu. Yamaha walileta pampu ya kuipimia oili hiyo, Autolube, tangu 1964, lakini pampu iliyolala miaka mimi siiamini. Kwa kuanzia changanya mwenyewe: petroli lita 1, oili ya tu-stroku mililita 50. Ukitia petroli tupu, pistoni itakamata kabla hujafika Maweni.

Na tafadhali msikate fremu eti mnaipamba. Vijana wa huku wanapenda sana mchezo huo. Mimi naona ni uharibifu.

Mwenye nayo atafute logbuku kwanza, kisha aniandikie hapo chini ni modeli gani. Video ijayo tunafungua kabureta.