Kabla Hujaibonyeza Pia ya Goti

Asanteni sana, tuketi. Nawaona wanafunzi wa tiba ya viungo, matabibu, wauguzi, makocha wachache, na wengine mliokuja kwa sababu goti lenyewe linawasumbua. Karibuni nyote. Leo tunazungumzia jinsi ya kumpima mtu anayeumwa pia ya goti, na nitajitahidi kusema kwa lugha ambayo haitamwacha mtu nje.

Pia ya goti, ambayo wengine huiita kilegesambwa, ni mfupa mdogo uliokaa ndani ya ukano wa msuli mkubwa wa mbele ya paja, yaani ile kamba inayoufunga msuli huo kwenye mfupa. Nyoosheni mguu hapo mlipo, legezeni paja, mshike pia zenu. Mnaona inavyocheza huku na huku? Goti likianza kukunjwa, pia inaingia kwenye mfereji wa mfupa wa paja na kuanza kukandamizwa. Mtu akitembea mahali tambarare, mkandamizo huo ni kama nusu ya uzito wa mwili wake. Akipanda ngazi, unapita mara 3 ya uzito huo. Akichuchumaa mpaka chini, unafika mara 7 hivi. Ishikeni hesabu hiyo, maana vipimo nitakavyovitetea leo vimesimama juu yake.

Lakini nianze na kipimo ninachotaka tukiweke pembeni. Wengi mmefundishwa hivi: mgonjwa alale chali, goti limenyooka. Unaweka mkono juu kidogo ya pia, hapa kati ya kidole gumba na cha shahada, unaisukuma pia kuelekea miguuni, halafu unamwambia akaze paja. Akishtuka kwa maumivu, unaandika kwamba gegedu la nyuma ya pia, lile tabaka telezi linalofunika mfupa kwenye kiungo, limeharibika. Hicho ndicho kipimo cha Clarke. Nilikifanya kwa miaka, kwa kila goti lililoletwa mbele yangu, na nilikiamini.

Siku moja nilimfanyia binti mmoja mkimbiaji aliyekuwa akilalamikia goti la kulia. Alishtuka akanidaka mkono. Nikaandika. Kabla hajainuka kitandani akaniambia, "Lakini daktari, haya siyo maumivu yangu. Yangu huja nikishuka ngazi." Nikajaribu goti la kushoto, ambalo halijawahi kumsumbua. Akashtuka vilevile.

Sikuwa na la kumjibu. Nilikuwa nimemuumiza magoti mawili, na sikuwa nimejua chochote kuhusu lile lililomleta.

Baadaye nilikuta kwamba watafiti walishakipima kipimo hicho na kuchapisha matokeo mwaka 2008. Walilinganisha jibu la mkono na kile kilichoonekana ndani ya goti kwa kamera ya athroskopi. Kati ya wenye gegedu lililoharibika, kipimo kiliwakamata 39 tu katika kila 100. Na wale ambao gegedu lao lilikuwa zima, thuluthi moja waliambiwa ni wagonjwa. Mtu akitegemea jibu la namna hiyo anampotosha anayemtibu, hata akiwa na nia njema kiasi gani.

Sababu ya udhaifu huo iko kwenye maumbile ya goti. Gegedu halina neva za maumivu. Mwaka 1998 daktari mpasuaji wa mifupa wa Marekani, Scott Dye, alichapisha jambo ambalo mpaka leo nikilifikiria natulia kimya. Alikubali magoti yake yote mawili yaingizwe kamera na kuguswaguswa kwa ndani bila ganzi ya ndani ya kiungo, yeye akiwa macho, akieleza anachohisi kila sehemu inapoguswa. Gegedu la nyuma ya pia liliposhindiliwa, hakuhisi chochote, ingawa lilikuwa limekwisha kuchakaa. Ulipoguswa utando laini unaolizunguka goti kwa ndani, na lile tabaka la mafuta lililo chini ya pia, maumivu yalikuwa makali, na aliweza kutaja mahali penyewe. Basi fikirini: unaposhindilia pia na kumkaza mtu paja, unabana utando huo kati ya mkono wako na mfupa. Hata goti lisilo na kasoro litalalamika.

Tufanye nini badala yake? Tuanze kwa kumsikiliza mgonjwa. Mwambie akuonyeshe panapouma, kisha utazame mkono wake. Mwenye maumivu ya pia mara nyingi hashindwi kueleza, anashindwa kuonyesha nukta moja. Analifunika goti kwa kiganja na kuzungusha, "hapa hapa, mbele." Anayeweka ncha ya kidole mahali pamoja na kukibakiza pale, huyo anakuambia habari nyingine, na nitamrudia. Halafu uliza kuhusu ngazi, kuchuchumaa, kukimbia. Uliza pia kuhusu kukaa muda mrefu goti likiwa limekunjwa, na pale anapoinuka. Mwaka 2016 wataalamu wa nchi mbalimbali walitoa tamko la pamoja kwamba alama kuu ya tatizo hili la pia ni maumivu ya kuzunguka pia au nyuma yake, yanayochochewa na angalau kazi moja inayoibebesha pia mzigo goti likiwa limekunjwa. Mgonjwa anaweza kukupa zaidi ya nusu ya jibu kabla hujamgusa.

Kisha mwombe achuchumae. Kwa kweli kipimo chenyewe ndicho hicho. Katika kila wagonjwa 100 wa maumivu ya pia, 80 hivi wataumia wakichuchumaa, na hakuna kipimo cha mkono kinachofika hapo. Lakini kifanyeni vizuri. Avue viatu, magoti yaonekane, nanyi mkae upande wa mbele, siyo nyuma ya meza mkiandika. Ashuke polepole. Tazameni uso kwanza, magoti baadaye. Akisita, muulizeni swali moja, na mlitamke hivi hivi: "Haya ndiyo maumivu yako?" Nasisitiza neno yako. Tunatafuta maumivu yaliyomtoa nyumbani. Yale tunayoweza kumtengenezea sisi hayatusaidii kitu. Andikeni vilevile goti lilikuwa limekunjwa kiasi gani maumivu yalipoanza, kwa sababu wiki sita baadaye, akirudi, mtatazama kama ameweza kushuka chini zaidi kabla hayajaja.

Mwanamichezo mwenye mapaja imara anaweza kuchuchumaa mara kumi asihisi kitu. Huyo msimruhusu aondoke bado. Mpandisheni kwenye kidaraja cha sentimita 15 hivi, mikono kiunoni, ashushe mguu mmoja taratibu mpaka kisigino kiguse sakafu, mguu unaopimwa ukibaki juu ukifanya kazi. Rudieni. Mara nyingi kinachofichwa na miguu miwili hufichuliwa na mmoja.

Kuchuchumaa nako kusiwalevye. Mwenye ule mto wa gegedu wa katikati ya goti uliochanika naye huumia akishuka chini. Kwa hiyo asiyeumia kabisa anapunguza shaka ya pia kwa kiasi kikubwa, lakini anayeumia hajafunga kesi.

Vipimo vya mkono vinakuja sasa, vikiwa wasaidizi. Goti limenyooka, paja limelegea, sukuma pia kidogo upande wa ndani, upapase ukingo wake kwa chini, kisha upande wa pili. Uchungu kwenye kingo hizo hupatikana kwa zaidi ya wagonjwa 7 katika kila 10. Linganisha na mguu wa pili, tafadhali, kila mara. Halafu kuna kuinua ukingo wa nje wa pia kwa kidole gumba na cha shahada, kama unayejaribu kufunua kifuniko. Ukikataa kupanda hata kufikia usawa, nyama za upande wa nje zimekaza. Hiki ni kipimo cha tabia ya pekee. Wagonjwa wengi hakiwapati, zaidi ya nusu. Lakini kikimpata mtu, kina uzito, kwa sababu wasio na tatizo ni wachache sana wanaoonyesha hali hiyo. Ule mtindo wa kupima pembe kati ya nyonga, pia na muundi siutumii tena kutambua maradhi. Wapimaji wawili hupata namba mbili kwa mtu yuleyule.

Sasa nimrudie yule wa kidole kimoja. Akigusa ncha ya chini ya pia, na ni mrukaji, fikirieni ukano. Akiwa kijana anayekua, na kidole kiko chini zaidi, kwenye kile kinundu cha juu ya muundi, hapo ndipo ukano unapovuta mfupa ambao haujakomaa. Na kama unaisukuma pia kwa nje, goti likiwa limekunjwa nyuzi 20 au 30, naye anakaza paja ghafla au kukushika mkono kwa hofu kwamba inataka kuchomoka, hiyo ni pia isiyotulia mahali pake. Hofu ile ndiyo jibu. Msimsukume mpaka aumie ndipo muandike.

Kuna jambo nawaomba msilisahau hata mkisahau mengine yote niliyosema. Mtoto au kijana anayechechemea na kulalamikia goti, huku goti lenyewe halina kasoro mnayoiona, mpimeni nyonga. Mlazeni chali, kunjeni nyonga na goti, zungusheni paja kwa ndani. Ikikataa, au ikiuma, au paja likijipindua lenyewe kwa nje linapokunjwa, huenda kichwa cha mfupa wa paja kinateleza kutoka mahali pake huku maumivu yakisikika gotini. Huyo hatembei tena kwa mguu huo, anapelekwa kupigwa eksirei ya nyonga siku hiyohiyo. Kila siku inayopita goti likipakwa dawa, nyonga inazidi kuharibika.

Vilevile, goti lililovimba, la moto, mtu ana homa, halichuchumazwi. Linapelekwa hospitali. Na aliyeanguka au kugongwa, ambaye hawezi kuinua mguu ukiwa umenyooka, amekatika ukano au amevunjika pia ya goti, mpaka ithibitishwe vinginevyo. Aliyeumia akiwa na miaka 55 au zaidi, au pia yake inauma peke yake ikibonyezwa, au hawezi kukunja goti nyuzi 90, au hawezi kupiga hatua 4, apigwe picha kwanza.

Yule binti mkimbiaji alirudi, nashukuru. Nilimwomba achuchumae mbele yangu, jambo ambalo siku ya kwanza sikuwa nimelifanya. Alifika nusu ya njia, akasimama, akasema, "Haya sasa ndiyo yenyewe." Tukaanzia hapo.

Basi nimesema vya kutosha. Naomba mmoja wenu aje hapa mbele, akunje suruali mpaka juu ya magoti, na mwingine aje amwombe achuchumae. Sisi wengine tutatazama uso.