Kamba ya Kibuye

MWALIMU: Karibuni tena, tuko Kisumu kama kawaida. Wakili amekuja na karatasi yake, mambo matatu kuhusu rufaa za mauaji. Lakini kabla hujaifungua, Wakili, mimi sijalala vizuri tangu Jumapili.

WAKILI: Nimeona, Mwalimu. Chai umeiacha mpaka imefanya utando.

MWALIMU: Nilikuwa sokoni Kibuye. Nimenunua kamba ya katani ya kumfungia yule mbuzi wangu, nimeiviringa nikaiweka juu ya kikapu. Mara, "Mwizi! Mwizi!" Kijana ameshikwa na simu ya mama wa mitumba. Kufumba na kufumbua wamemzingira. Mmoja akanigeukia, "Mama, saidia na hiyo kamba," na mkono wake tayari uko kikapuni.

WAKILI: Ukampa?

MWALIMU: Hapo ndipo ninapokwama. Sikumpa, wala sikuizuia. Ilitoka tu nikiitazama. Wakamfunga mikono nyuma, makofi yakaanza, halafu mateke. Kiatu chake kimoja kilimvuka kikaja hadi miguuni pangu. Polisi walifika, akaondoka akiwa hai. Lakini angekufa je? Kamba ni yangu.

WAKILI: Basi karatasi umeshanifungulia. Kifungu cha 21 cha Kanuni ya Adhabu ya Kenya: watu wakiwa na nia ya pamoja ya kutenda jambo lisilo halali, na katika kulitenda likatokea kosa ambalo lilitazamiwa kutokea, kila mmoja anahesabiwa amelitenda yeye. Teke lililoua likiwa la nani, haijalishi.

MWALIMU: Na mwenye kamba yumo.

WAKILI: Pole pole. Raia akimwona mtu akiiba anaruhusiwa kumkamata, mradi amkabidhi kwa polisi bila kuchelewa. Kamba ya kumzuia asitoroke haina ubaya.

MWALIMU: Mpaka teke la kwanza.

WAKILI: Ndiyo, mpaka teke la kwanza. Mwaka 1955, kwenye kesi ya Wanjiro, Mahakama ya Rufaa ya Afrika Mashariki ilisema nia ya pamoja kwa kawaida huonyesha mpango uliotangulia, ila inaweza pia kuzaliwa palepale mambo yakiendelea. Huyo aliyechukua kamba, alipiga?

MWALIMU: Hakupiga. Alifunga fundo, lile la kitanzi linalojikaza ukivuta, akarudi nyuma hatua mbili, akasimama.

WAKILI: Sasa huyo ningemtetea. Alifunga, akaacha. Ningemuuliza kila shahidi: ulimwona akiinua mkono?

MWALIMU: Wakili, mtu aliyefungwa mikono nyuma hawezi kukinga kichwa. Nilimwona akijaribu. Bega lilikuwa likipanda, mkono haufuati. Fundo lile lilipiga kuliko mateke.

WAKILI: Hiyo... hiyo upande wa mashtaka wangeishukuru. Lakini alipofunga, je, alijua watapiga? Jaji lazima apate jibu la hilo kwenye ushahidi.

MWALIMU: Alipofunga hakujua. Walipoanza kupiga, si alikuwa na mikono ya kufungua?

WAKILI: Fundo la kujikaza halifunguki upesi.

MWALIMU: Halikatiki? Kibuye nzima ina visu vya samaki!

WAKILI: Sawa, kwa huyo una hoja. Kwako wewe, sikubali. Ulisimama tu.

MWALIMU: Wewe mwenyewe uliwahi kunisimulia ile kesi ya Uganda ya 1943.

WAKILI: Tabulayenka. Mahakama ilisema nia ya pamoja inaweza kuonekana kwa kuwepo kwao, kwa matendo yao, na kwa kutojitenga na shambulio.

MWALIMU: Kutojitenga! Mimi nilijitenga wapi?

WAKILI: Mwalimu, kuwepo peke yake hakutoshi. Vinginevyo kizimba kitajaa soko zima, na wauza nyanya ndani. Na kwenye rufaa hapa ndipo watu huponea: hukumu imeandika "washtakiwa walimpiga marehemu", basi. Wa kwanza alifanya nini? Wa tatu alifanya nini? Kimya. Mtu anakaa gerezani miaka kwa sababu ya neno "walimpiga". Mimi hilo linaniuma.

MWALIMU: Na mimi linaniuma la mama wa yule kijana. Tungemwambia nini? Kwamba tulikuwa mia na hakuna hata mmoja aliyekuwepo? Nimefundisha miaka thelathini. Darasa la watoto sitini nalinyamazisha kwa neno moja. Siku hiyo neno nilikuwa nalo, sikulitoa.

WAKILI: Hilo ni la dhamiri yako. La mahakama halipo hapo.

MWALIMU: Nani alizitenganisha?

WAKILI: Sheria. Na ni vizuri ilizitenganisha. Adhabu ya kuua kwa kukusudia bado inaweza kuwa kifo, hata baada ya Mahakama ya Juu kuondoa ulazima wake mwaka 2017. Humpi mtu hatari hiyo kwa sababu alinyamaza.

MWALIMU: Sikubaliani nawe.

WAKILI: Najua. Na mimi sitoki hapa nilipo.

MWALIMU: Wenye chumba wanabisha mlango. Ile karatasi je?

WAKILI: Dakika moja: majaji watatu wa Mahakama ya Rufaa huupima ushahidi wote upya, wakikumbuka kwamba wao hawakuwaona mashahidi... Hapana, haiwezekani kwa dakika moja. Wiki ijayo. Kamba ilirudi?

MWALIMU: Polisi waliondoka nayo, wakasema ni kielelezo.

WAKILI: Na mbuzi?

MWALIMU: Yuko huru uani. Jana amemaliza sukuma za jirani.